Jina lako huenda halina maana, na wala hilo si tusi

Kuna tovuti chungu nzima za majina ya watoto na zote utadhani mwandishi wake ni mmoja. Unaandika jina lolote lile unaletewa "mrembo", "jasiri", "mwenye hekima", "zawadi ya Mungu", basi imeisha, hakuna jina hata moja la mtu kilema wala mwenye pua iliyopinda. Na yapo! Cameron la Waskoti limetokana na maneno mawili ya Kigaeli, cam na sròn, pua iliyopinda. Claudia linatokana na neno la Kilatini la mchechemeaji, Cecilia la kipofu, Calvin la kipara, lakini hayo hawakuandikii pale juu kwenye picha ya mtoto anayecheka. Mi ni mtu wa majina, nikikutana na jina geni situlii mpaka nijue limetokea wapi, na kadiri ninavyochimba ndo ninavyozidi kuona kwamba lile swali tunaloulizana kila siku, "jina lako maana yake nini", kwa majina mengi tu ya dunia hii limekaa vibaya.

Chukua Vanessa. Utaambiwa ni kipepeo, tena eti kwa Kigiriki. Vanessa si la Kigiriki wala la lugha yoyote ya zamani, lilitungwa miaka ya 1710 hivi na Jonathan Swift, yule mwandishi wa Ireland, kwa ajili ya rafiki yake aliyeitwa Esther Vanhomrigh. Akachukua Van ya jina la ukoo, akabandika Essa ya kumdekezea Esther, akaliweka kwenye shairi ambalo lilichapishwa 1726. Kipepeo alikuja nyuma kabisa, mwaka 1807, pale mtaalamu wa wadudu Fabricius alipoamua kuliita hivyo kundi fulani la vipepeo. Yaani kipepeo ndo kaazima jina kwa mwanamke na sisi tunasimuliana kinyume. Cedric nalo lina kesi yake, lilianza kuvuma baada ya riwaya ya Walter Scott ya mwaka 1819, Ivanhoe, na inaonekana mzee alikuwa na Cerdic kichwani, mfalme wa kale wa Wessex, herufi zikapishana njiani. Leo kuna wanaume wazima wana vyeti vya kuzaliwa vya hilo kosa la herufi, na tovuti bado zinawapa maana.

Ila hayo ni majina mawili matatu. Kubwa zaidi ni kwamba Wajerumani wa kale na jamaa zao Waanglo-Saksoni walikuwa na utaratibu wa kutengeneza majina ambao haukuhitaji maana kabisa. Walikuwa na vipande: kipande cha sifa, cha mng'ao, cha utawala, cha mlinzi, cha mali, cha mbwamwitu, cha jiwe. Unaokota viwili unaunga. Robert ni sifa na mng'ao, Edward ni mali na mlinzi, Richard ni utawala na ugumu. Ukiviunga hivyo unaona kama vinaleta maana, lakini mwangalie Mtakatifu Wulfstan, askofu wa Worcester aliyefariki 1095. Baba yake Æthelstan, mama yake Wulfgifu. Wazazi wakachukua wulf ya mama na stan ya baba, mtoto akawa Wulfstan, mbwamwitu-jiwe. Hakuna aliyekaa akawaza mbwamwitu wa jiwe ni kitu gani, walichotaka ni kila anayelisikia ajue huyu ni wa fulani na fulani. Halafu kuna Fredegund, malkia wa Wafranki karne ya 6, vipande vyake ni amani na vita, amani-vita, na ukisoma orodha ya watu anaotajwa kuwaua utaona alichagua kipande kipi.

Kwa hiyo ukimuuliza mtu anayeitwa Robert jina lake lina maana gani unamwonea tu. Maana ilishakufa zamani mno, imebaki sauti na imebaki kumbukumbu kwamba kuna babu au mjomba aliitwa hivyo.

Sasa toka huko nenda Rwanda na Burundi, hali ni nyingine kabisa. Habimana ni sentensi, Mungu yupo. Hakizimana ni sentensi, anayeponya ni Mungu. Nkurunziza ni habari njema na kila anayeongea lugha hiyo anaisikia papo hapo, haendi kwenye kamusi. Washona wana Tinashe, Mungu yuko nasi, ambalo ndo lilelile Emanueli la Waebrania ila la kwao liko hai, ukilitamka unakuwa umetoa kauli. Wazulu wana Zanele, wametosha, yaani wasichana wametosha sasa, na huyo binti anaishi maisha yake yote akiwa na malalamiko ya wazazi kwenye kitambulisho. Wayoruba wana Babatunde, baba amerudi, anapewa mtoto wa kiume aliyezaliwa baada ya babu kuondoka, na wa kike ni Yetunde, mama amerudi. Hapa maana haijajificha popote, lakini nayo peke yake haikusaidii sana, kwa sababu bado hujajua ni nani kasema hiyo sentensi na alikuwa anamwambia nani. Wakati mwingine anaambiwa Mungu, wakati mwingine mawifi, au jirani ambaye hamsalimiani, na mtoto ndo anabebeshwa ujumbe.

Na wakati mwingine anaambiwa kifo, na hapa naomba nikae kidogo maana ndo sehemu inayoniacha hoi kila nikirudi kuisoma.

Wayoruba wana imani ya abiku, mtoto anayezaliwa akafa, akarudi tumboni kwa mama yuleyule, akazaliwa tena akafa tena, mchezo wake ni huo. Mtoto anayedhaniwa kuwa wa hivyo hapewi jina la kumsifia, anabembelezwa au anawekewa vizuizi. Malomo, usiende tena. Durojaiye, kaa ufaidi maisha. Kosoko, hakuna jembe, yaani jembe la kukuchimbia kaburi halipo kwa hiyo leo huwezi kufa, haiwezekani, vifaa hatuna. Na usidhani hayo yalikuwa majina ya kunong'onezana ndani tu, Lagos ilikuwa na mfalme aliyeitwa Kosoko, alitawala 1845 hadi 1851, fikiria mfalme mwenye jeshi na mitumbwi ya vita anaitwa Hakuna Jembe na hakuna anayecheka. Majirani zao Waigbo wana Onwubiko, ambalo ni kama kusema kifo, tafadhali nakuomba.

Uende Serbia sasa, mbali huko. Vuk Karadžić ndiye aliyetengeneza kamusi ya Kiserbia na kunyoosha alfabeti yao, alizaliwa 1787, na Vuk ni mbwamwitu. Kamusi yake ilitoka 1818, na humo kaeleza mwenyewe: mwanamke ambaye watoto wake hawaishi humwita mmoja Vuk, kwa kuwa wanaoaminika kula watoto ni wachawi na wachawi hawamthubutu mbwamwitu, na yeye mwenyewe ndivyo alivyolipata. Watoto waliomtangulia walikuwa wamefariki. Kwa hiyo unafungua kitabu kikubwa cha lugha, chenye maelfu ya maneno, unalifikia neno mbwamwitu na unamkuta mwandishi anajieleza kwamba yupo hai kwa ajili ya neno hilo.

Wamongolia wao wakaenda njia ya kudanganya. Nergüi, hana jina. Enebish, siye huyu. Terbish, siye yule. Khünbish, si binadamu. Pepo mbaya akija anatafuta mtoto wa kuchukua, anauliza huyu nani, anajibiwa siye huyu, anaondoka. Yoruba, Serbia na Mongolia, watu ambao hawakuwahi kukaa kikao kimoja, na wote wamefika palepale kwamba mtoto ukishazika wawili watatu, jina zuri ni hatari. Sasa nenda katafute Nergüi kwenye zile tovuti, utaambiwa maana yake "asiye na jina", na ni sahihi, na hujaelewa chochote.

Mapacha nao kila lugha inawahangaikia. Sisi tuna Kulwa na Doto, Wayoruba wana Taiwo na Kehinde, na kwao anayetoka wa kwanza ni Taiwo, jina linalosema aonje dunia, halafu Kehinde, aliyekuja nyuma. Utamu uko hapa: mkubwa ni Kehinde. Yeye ndo kamtuma mdogo wake atangulie akaangalie hali ikoje huko nje, akisikia kimya au kilio anaamua. Wakubwa hawatumwi. Mimi nimeipenda sana hoja hii na sijaona mtu wa kuipangua. Thomas naye ni pacha tu, kwa Kiaramu, na Injili ya Yohana inamtaja kuwa ndiye aitwaye Didymus, ambalo ni pacha tena, kwa Kigiriki, kwa hiyo jamaa ni Pacha aitwaye Pacha na jina lake halisi Injili haitwambii.

Kabla sijaondoka kwenye majina ya sentensi, kuna watu wanawacheka Wazimbabwe kwa Lovemore, Givemore na Learnmore, eti Kiingereza gani hicho. Mi siwacheki. Mtu aliyezoea kumwita mwanawe Tendai, shukuruni, au Farai, furahini, akihamia lugha nyingine anahamia na tabia yake, anachukua maneno mapya anatengeneza sentensi ileile. Na Waingereza wenyewe walishafanya hivyo, wale Wapuritani wa karne ya 17, Waprotestanti wa msimamo mkali, walikuwa na mtu anaitwa Praise-God Barebone, Msifu-Mungu kabisa, akaingia bungeni 1653 na bunge zima likabatizwa jina lake kwa kejeli.

Haya, majina yanayosafiri. Mfalme wa safari ni Yohana, hana mpinzani. Limeanza Kiebrania, Yohanan, Mungu ni mwenye rehema, Wagiriki wakaliweka Ioannes, Kilatini Iohannes, halafu likapasuka vipande vipande: Waingereza John, Wafaransa Jean, Wahispania Juan, Wareno João, Waitaliano Giovanni, Wajerumani Johann na kwa mkato Hans, Warusi Ivan, Wahungaria János, Waarmenia Hovhannes, Wahabeshi Yohannes, Wawelisi Ieuan ambayo Waingereza waliisikia wakaandika Evan. Waislamu wanamjua nabii huyohuyo kama Yahya. Ila wa Ireland ndo wananifurahisha. Walikuwa nalo tayari kutoka kwenye Kilatini cha kanisani, wakaliita Eoin, halafu karne ya 12 Wanormani, watawala wa Uingereza waliotokea kaskazini mwa Ufaransa, wakaingia na Jehan yao ya Kifaransa, Waairishi badala ya kusema hili tunalo wakalipokea kama jina jipya, likawa Seán. Wanawake vilevile, Jehanne likawa Siobhán, Jeannette likawa Sinéad. Halafu Waingereza wakalisikia Seán wakaandika Shaun, Shawn, na Shane. Kwa hiyo unaweza kujaza timu ya mpira, Ivan golini, Hans na Jean nyuma, Evan, Shane, Juan, na wote ni Yohana na hakuna anayegeuka ukimwita mwenzake.

Hamish ni dogo lakini linapendeza zaidi. Kwa Kigaeli cha Uskoti Yakobo ni Seumas, lakini ukimwita, ukimpigia kelele aje, mwanzo wa jina unalainika na mwisho unabadilika, unasema "a Sheumais", inayosikika kama "a-hamish". Wageni walikuwa wanasikia watu wakiitwa tu, wakadhani ndo jina. Hilo hutalikuta kwenye maana ya Yakobo, ambayo ni habari ya kisigino, yule pacha aliyezaliwa kashika kisigino cha kaka yake. Na Yakobo huyu kwa Kiingereza kagawanyika, yule wa Agano la Kale ni Jacob na yule mtume ni James, kwa vile Kilatini Iacobus iligeuka Iacomus midomoni mwa watu ndo ikazaa James, huku Wahispania wakipata Santiago, ambayo ni Mtakatifu Yakobo iliyogandishwa ikawa neno moja. Biblia ya Kiswahili wala haikusumbuka, Yakobo wote ni Yakobo.

Alexander alipofika kwa Waarabu ile "al" ya mwanzo ikasikika kama ile al yao ya kila siku, wakaichomoa, ikabaki Iskandar, na Wahindi na Waajemi wanamwita Sikandar. Warusi wakamkata upande wa pili, Aleksandr, Aleksasha, Sasha. Ukiweka Sikandar na Sasha mezani hakuna anayeweza kukubali kwamba ni mtu mmoja. Muhammad ndo usiseme, Mamadou Afrika Magharibi, Mehmet Uturuki, Mahamat Chad, Mohand kwa Wakabyle wa Algeria, na Uthman ni Ousmane Senegal, Athumani kwetu, Osman kwa Waturuki, ambapo Osman mmoja alianzisha dola na Wazungu wakaliandika Ottoman.

Njia nyingine ya kusafiri ni kutafsiriwa, na hii ni nadra zaidi kwa jina la mtu. Simoni alipewa Kefa, mwamba kwa Kiaramu, na badala ya kuiacha sauti ikaendelea wakaigeuza maana, Petros, ndo huyu Petro wa dunia nzima. Yule mama wa kwenye Matendo ya Mitume ametajwa hapohapo kwa mawili, Tabitha na Dorkasi, yote ni paa yule mnyama. Ukianza kupanga majina kwa maana hivi utapata ndugu wasiojuana: Debora kwa Kiebrania na Melissa kwa Kigiriki wote ni nyuki, Lulu na Margaret wote ni lulu, Aisha, Zoe na Hawa wote ni habari ya uhai. Theodore na Dorothea ni vipande vilevile viwili, Mungu na zawadi, vilivyobadilishana viti. Zawadi ya Mungu kwa kweli ipo kila mahali, Matayo, Nathanaeli, Atallah, Bogdan la Waslavi, Dieudonné la Wafaransa, Khodadad la Waajemi, nadhani ndo maana zile tovuti zimelizoea hilo jibu.

Kuna na wanaofanana sura na si ndugu. Asha la Waswahili ni Aisha lililopunguzwa, Asha la Wahindi ni tumaini kwa Kisanskriti, herufi zote sawa, damu tofauti. Barack Obama alipokuwa rais wa Marekani, waziri wa ulinzi wa Israeli alikuwa Ehud Barak, na watu wakawa wanaunganisha. Barack ni baraka, mzizi mmoja na Baruku wa Biblia. Barak wa Kiebrania ni umeme wa radi, konsonanti ya mwisho siyo ileile, kwa Kiarabu ingekuwa barq.

Halafu kuna mifumo ambayo mzazi hachagui, kalenda ndo inachagua. Sisi tunao kina Juma na Hamisi lakini si lazima, kwa Waakan wa Ghana kila mtoto anakuja na siku yake. Ijumaa wa kiume ni Kofi, wa kike Afua au Efua. Kofi Annan alizaliwa Ijumaa, tarehe 8 Aprili 1938, pamoja na pacha wake wa kike, na jina la pili kwa wote wawili ni Atta, pacha. Kwa hiyo Kofi Atta na Efua Atta, Ijumaa Pacha na Ijumaa Pacha, umeshajua siku, umeshajua walikuja wawili, na bado hujaambiwa kitu kuhusu hekima wala ushujaa. Majina haya yalivuka Atlantiki ndani ya meli za watumwa. Cudjoe, kiongozi wa Wamaroon wa Jamaika, yaani watumwa waliotoroka na wazao wao, aliyewalazimisha Waingereza kutia saini mkataba 1739, ni Kojo, Jumatatu. Lakini Kwasi, Jumapili, hukohuko Jamaika likawa Quashie, na Quashie ikageuzwa kuwa neno la kumwita mtu mjinga. Jina la siku tu, limefika kwa mabwana wa mashamba likawa tusi. Kamusi ya maana ya majina inaandika Jumapili na kufunga ukurasa.

Wabali wa Indonesia wanahesabu: Wayan, Made, Nyoman, Ketut, na wa tano unarudi Wayan. Warumi walikuwa wagumu kuliko wote, binti hakupewa jina lake mwenyewe, alichukua la ukoo wa baba likawekwa umbo la kike, ukoo wa Julius mabinti wote ni Julia, wakizidi mmoja unasema Julia mkubwa na Julia mdogo. Augusto alikuwa na dada wawili na wote walikuwa Octavia. Sijui nyumbani walikuwa wanaitanaje. Na kurithishana ndo hakuna makubaliano kabisa, Wayahudi wa Ashkenazi, wale wa Ulaya ya Kati na Mashariki, hawampi mtoto jina la ndugu aliye hai, Wasefardi, Wayahudi wenye asili ya Hispania, wanampa jina la babu aliye hai na babu anafurahi, Wachina wa jadi kumpa mtoto jina la babu ni kumkosea babu adabu.

Kompyuta hazijui hata kimoja kati ya haya. Zinajua jina la kwanza na jina la ukoo, nyota nyekundu, lazima kujaza. Suharto aliongoza Indonesia zaidi ya miaka 30 na jina moja. U Thant wa Umoja wa Mataifa aliitwa Thant, hiyo U ni ya heshima kama bwana au mzee. Haile Gebrselassie ukimwita Bwana Gebrselassie unamwita baba yake. Kwa wenye jina moja Wamarekani wana kifupi chao kwenye viza, FNU, maana yake jina la kwanza halijulikani, na kuna watu wazima wenye akili zao wamefika benki na kwenye leseni wakawa wanaitwa Fnu.

Serikali zenyewe zinajua, ndo shida. Zinajua vizuri sana jina ni nini. Ufaransa ilikuwa na sheria ya mwaka 1803 kwamba mtoto anapewa jina la kwenye kalenda au la mtu maarufu wa historia ya kale, ikalegea 1966 na ikaondolewa rasmi 1993, sasa wazazi wana uhuru mpana ila jaji anaweza kuingilia, kama yule wa Valenciennes aliyekataa mtoto asiitwe Nutella akamfanya Ella, na hapo niko upande wa jaji. Iceland ina kamati ya majina tangu 1991. Kuna msichana aliitwa Blær, upepo mwanana, ofisi ikasema hilo ni la kiume, akakaa miaka 15 kwenye hati akiwa ameandikwa Stúlka, yaani Msichana, hadi mahakama ya Reykjavík ilipomrudishia 2013.

Hayo yanachekesha. Hispania ya dikteta Franco haikuchekesha, majina ya Kikatalani na Kibaski yalipigwa marufuku, Jordi ilibidi aandikwe Jorge, na watu walikaa hivyo hadi 1977. Johan Cruyff akiwa anachezea Barcelona alipata mtoto wa kiume Februari 1974, akamsajili Amsterdam kama Jordi, akarudi na karatasi zake, karani akakataa, Cruyff akasema mtoto tayari ana jina na hati hizi hapa. Wakaandika Jordi. Inasaidia kuwa Cruyff. Zaire mwaka 1972 Mobutu akafuta majina ya Kikristo, Joseph-Désiré mwenyewe akawa Sese Seko Kuku Ngbendu Wa Za Banga. Ujerumani, Agosti 1938, ilitoka amri kwamba Myahudi ambaye jina lake halionekani kuwa la Kiyahudi aongezewe, wanaume Israel, wanawake Sara, kuanzia tarehe 1 Januari 1939. Hawakunyang'anywa majina, waliongezewa, na majina yenyewe ni ya watakatifu wa kitabu chao wenyewe. Maana ya Sara ni binti mfalme, tovuti zote zinakubaliana.

Bulgaria ndo ya karibu zaidi kwetu kwa miaka. Majira ya baridi ya 1984 kwenda 1985 askari walizunguka vijiji vya Waturuki wa Bulgaria wakiwapa watu majina ya Kibulgaria, hata marehemu walibadilishwa kwenye rejista. Naim Suleimanov, kijana mnyanyua vyuma mwenye urefu wa mita 1.47, akaambiwa sasa wewe ni Naum Shalamanov. Angalia walivyofanya kazi kwa uangalifu, Naim kwenda Naum, herufi moja. Desemba 1986 timu ilipokwenda Melbourne kwenye mashindano akatoroka, akaishia Uturuki, akawa Naim Süleymanoğlu, na mwaka 1988 pale Seoul akiwa kwenye uzito wa kilo 60 akanyanyua kilo 190 juu ya kichwa, zaidi ya mara tatu ya uzito wake. Nyumbani kwao ilibidi Zhivkov, mtawala wa Bulgaria, aanguke kwanza, na 1990 sheria ikaruhusu watu warudishe majina yao, kwa kwenda kuomba mahakamani.